Nilikuwa Maiti Bora wa Mjerumani, Wanja Akaolewa na Mwingine

Mimi ndiye mwenye makosa. Naandika hivyo mapema ili usije ukafika katikati ukaanza kunihurumia. Nilijifanya maiti siku tisa, na hapo hakuna kosa, maana nilikuwa nimeajiriwa. Kosa ni kwamba siku ya nne nilijua nyumbani wananililia, pasi ya kusafiria ilikuwa mfukoni mwangu, nami nikabaki nimelala.

Mpaka jana nilikuwa sijamwambia mtu. Marehemu mke wangu hakujua. Mchungaji wetu hajui. Mwezi uliopita tulimzika mama mmoja wa hapa kwetu, nitamwita Wanja, na tangu siku hiyo chakula hakipiti. Majina yote nimeyabadilisha, na langu nimelificha kabisa, kwa sababu nina wajukuu shuleni na watoto wa siku hizi wana mdomo.

Ilikuwa wakati wa Emajensi, ile hali ya hatari aliyoitangaza Mwingereza kupambana na Mau Mau. Sisi wa upande wa Manyatta, kule Embu, tulikuwa tumetolewa mashambani na kufungiwa ndani ya kijiji kimoja, nyumba zimebanana kama punje kwenye gunzi, na handaki lenye miti iliyochongwa limetuzunguka. Kwenda sokoni, pasi. Kukata majani ya mbuzi, pasi. Mama yangu alikuwa akisema iko siku tutaomba pasi ya kupiga chafya.

Nilikuwa kijana niliyeishia darasa la nne na nilikuwa na mchumba. Mbuzi wawili wa kwanza walikuwa wamefika kwa baba yake, Mzee Kithaka, naye alikuwa amewapokea. Kwetu mbuzi wa kwanza wakipokelewa, msichana amewekewa alama, hakuna mwingine wa kubisha hodi. Wanja alikuwa mrefu kunishinda, ana mwanya, na alinicheka waziwazi mbele za watu. Alinipenda. Sijui alinipendea nini!

Basi siku moja Bwana DO, mkubwa wa serikali wilayani, akaja na mzungu mwingine, si Mwingereza. Alikuwa Mjerumani, mtengenezaji wa sinema. Alitaka wanaume ishirini kutoka vijiji mbalimbali, kwetu mmoja tu, wa kwenda kambini kwake, mbele ya Chuka, ukingoni mwa msitu. Tungelipwa, tungekula nyama kila siku, na kila mtu angepewa pasi yake. Mama akaniambia, "Nenda, na usirudi bila sukari."

Mjerumani huyo alikuwa na tumbo la heshima na Kiswahili alichokiokota Tanganyika kwenye picha nyingine. Yeye ndiye aliyeamuru kila kitu, na yeye ndiye aliyecheza. Alikaa kando ya kamera akapiga kelele, halafu akakimbia mbele ya kamera akawa daktari, halafu akakimbia tena nyuma kumuuliza mpiga picha daktari amechezaje. Akiambiwa vibaya, alijigombeza. Kwa Kijerumani! Alijigombeza, akajijibu, akajisamehe, kisha akatupigia kelele sisi, "Tena!" Neno hilo alilijua kuliko yote. Tukamwita Bwana Tena.

Picha yenyewe ilihusu daktari mzungu anayeshindwa kumponya mwana wa chifu. Mwana anakufa, daktari analia, basi. Chifu alikuwa mpishi wa kambi, Mmeru mmoja mwenye ndevu aitwaye Kaimenyi. Aliyekosekana ni maiti.

Kila aliyeulizwa alikataa. Wewe unayesoma labda utacheka, lakini kwetu wakati ule kifo hakikuchezewa. Mtu mzima mwenye akili halali kama maiti, akifunga macho na kunyoosha miguu mbele za watu. Ni kukiita. Bwana Tena akaongeza malipo, wakakataa. Akaongeza nyama, wakafikiri kidogo, wakakataa.

Mimi sikukataa kwa sababu sikusikia. Nilikuwa nimelala kivulini mwa lori, mdomo wazi. Bwana Tena akaniona. "Huyu!" akasema. "Huyu ana kipaji!"

Nilipoamshwa nikaelezwa kazi, nikawaza: kulala, na nilipwe? Nikakubali. Wenzangu wakasogea mbali nami, hata sufuria yangu ya chai wakaitenga.

Siku ya kwanza niliharibu. Nzi alitua mdomoni nikamtemea. "Tena!" Siku ya pili nzi akaja na ndugu zake, wakatembea kwenye kope, wakaingia puani, wakatoka. Sikutikisika. Bwana Tena aliruka juu akapiga makofi. "Maiti bora Afrika!" alisema. "Berlin hakuna maiti kama huyu!"

Wacha nikuambie ukweli. Mimi nilikuwa sijawahi kusifiwa. Miaka minne ya shule, jambo pekee ambalo mwalimu aliwahi kusema juu yangu ni kwamba nipo.

Wakati wa chakula akaketi karibu nami juu ya sanduku la kamera na kunisimulia kazi yake tangu mwanzo.

"Mimi kwanza maiti," alisema, akijigonga kifua.

Kwao alikuwa kijana wa miaka kumi na saba alipoajiriwa kwenye jumba la maigizo alale amekufa mezani huku wakubwa wakisema maneno marefu. Siku moja alipiga chafya, akafukuzwa. Mwaka uliofuata akarudishwa kuwa askari mwenye neno moja, "Ndiyo!" Halafu mleta barua. Halafu kijana anayependwa, akabusu wanawake kwenye sinema mpaka akachoka. Ikaja vita, sinema zikafa, akalima viazi. Baada ya vita akawa mwizi katika picha tatu, daktari katika picha sita. Nywele zikamtoka, hakuna aliyemwita tena. Ndipo akasema: kwa nini ningoje kuitwa? Nitajiita mwenyewe.

"Na sasa," alisema, "televisheni."

Akatueleza ni sanduku la kuweka nyumbani, ndani mna watu, wanazungumza wewe ukila.

Kaimenyi akauliza, "Na hao watu wa ndani wanakula saa ngapi?"

Bwana Tena alifikiri sana juu ya hilo. Kisha akanishika bega. "Wewe umeanza vizuri. Umeanza kama mimi. Asiyejua kulala hawezi kujua kusimama."

Ole wangu! Maneno yale yaliniingia kama funza kwenye kidole. Nikaanza kujipandisha ngazi kichwani: leo maiti, kesho askari wa neno moja, keshokutwa mleta barua. Nikajiona niko kwao nimevaa kofia, nawapigia wazungu kelele, "Tena!" Wanja nilimweka kwenye kiti kando yangu. Hakuniuliza mtu kama Wanja anakitaka kiti hicho.

Siku ya tatu tulipiga picha ya machela. Watu wanne walinibeba kando ya barabara ya Meru, Bwana Tena akitembea nyuma ameshika kofia kifuani, machozi ya kitunguu yakimtoka. Kamera ilikuwa upande wa pili, nyuma ya kichaka. Lori la abiria likapita polepole. Nikasikia mwanamke akipiga yowe. Nilitaka sana kutazama, lakini nikajiambia, maiti hatazami.

Ndani ya lori lile kulikuwa na jirani yetu aliyepewa pasi ya kwenda Meru kumwona dada yake. Aliona uso wangu, aliona mzungu akilia. Kamera hakuiona. Kesho yake asubuhi aliporudi Manyatta akaenda moja kwa moja kwa mama yangu. Na ilikuwa Emajensi, ndugu zangu. Watu walikuwa wakifa na maiti harudishwi, na hakuna anayeuliza. Ni nani angekwenda kuuliza?

Kaimenyi alikuwa Embu siku hiyohiyo kununua unga. Alirudi kabla ya saa saba, ndevu zimejaa vumbi, akanivuta nyuma ya hema.

"Mwanangu," alisema, maana alikuwa amezoea kuniita hivyo tangu awe chifu, "wewe umekufa."

"Najua, baba. Tunarudia baada ya chai."

"Si hapa. Kwenu! Nimesikia sokoni lori likiwa limeshawashwa. Mama yako ananyolewa kichwa. Vijana wanavunja nyumba yako."

Kwetu kijana akifa mama yake hunyolewa, na nyumba ya marehemu huvunjwa.

"Lori linarudi Embu saa nane," alisema. "Pasi unayo. Nenda uonekane tu, ulie nao kidogo, urudi kesho."

Nikaingiza mkono mfukoni. Pasi ilikuwepo, naapa, niliishika kwa vidole hivi ninavyoandikia. Na wakati huohuo Bwana Tena akaita kutoka kambini, "Maiti yangu iko wapi? Leo uso! Uso peke yake!"

Unajua maana yake? Kamera ingekuja karibu, isionyeshe mtu mwingine yeyote. Hata daktari asingeonekana. Mimi tu.

"Kesho," nikamwambia Kaimenyi.

"Kesho?"

"Leo ni uso."

Alinitazama kama unavyomtazama mbuzi aliyekula nguo ya Jumapili. "Mama yako ananyolewa, na wewe unasema leo ni uso?"

"Kesho, baba, naapa."

"Basi nitume neno na dereva."

"Usitume!" Hapo ndipo dhambi yangu ilipokamilika. Nilijua mama akisikia ninalala kama maiti kwa hiari yangu, atakuja na fimbo mpaka mbele ya kamera. "Usiseme kwa mtu. Nitakwenda mwenyewe."

Kesho yake ilikuwa uso upande wa pili. Siku iliyofuata ilinyesha. Iliyofuata Bwana Tena hakulia vizuri, ikabidi turudie. Lori lilikwenda Embu na kurudi, likaenda na kurudi, nami kila mara nikasema likija tena. Kaimenyi akaacha kuniita mwanangu. Alinipakulia nyama akaenda zake.

Siku ya kumi kazi iliisha. Bwana Tena alinipa kilo mbili za sukari, akanikumbatia, akaniambia ataniandikia. Nikarudi nyumbani nikiwa na sukari yangu begani.

Langoni kulikuwa na homugadi, mlinzi wa kijiji aliyepewa bunduki na serikali, tuliyekua naye. Aliponiona alitupa bunduki akakimbia. Nami kwa ujinga wangu nikaiokota nimpelekee, "Wee, umesahau!" Akageuka, akaona maiti anamfuata na bunduki, akaongeza mwendo! Ndipo nikakumbuka ni Emajensi na mtu ananyongwa kwa kushika kitu kile. Nikaiweka chini taratibu kama yai.

Watu wakajaa. Mama akatokea. Kichwa chake kilikuwa kimenyolewa, kinang'aa kama kibuyu, na kilikuwa kidogo kuliko nilivyodhani. Hakulia. Alinyoosha mkono. "Simama hapohapo."

Kwetu aliyekwisha kuliliwa haingii tu kama mgeni. Amekufa. Akila nanyi mnakula na kifo. Sharti azaliwe upya. Na wakati huo jua lilikuwa linashuka, na amri ya serikali ilisema mtu akikutwa nje ya handaki baada ya saa kumi na mbili apigwe risasi. Mila inasema nisiingie, serikali inasema nisibaki nje! Wazee walikimbia siku hiyo kuliko walivyokimbia tangu ujana wao.

Mbuzi wa kuchinjwa akapatikana upesi. Alikuwa mmoja wa wale wawili wangu wa posa. Mzee Kithaka alikuwa amewarudisha siku ileile nyumba yangu ilipovunjwa, kwa sababu mchumba akifa mbuzi hurudi. Nilimtambua kwa sikio lake.

Wakanikalisha langoni, kati ya miguu ya mama yangu, nimejikunja, ngozi mbichi ya mbuzi begani, kijiji kizima kinatazama, na mahomugadi wakila mahindi ya kuchoma. Mzee mkuu akasema, "Sasa lia kama mtoto aliyezaliwa."

Nikalia.

"Huyo ni ndama," akasema mzee.

Nikajaribu tena kwa sauti nyembamba.

"Huyo ni babu anayeng'olewa jino. Kijana, jua linatua!"

Mimi, maiti bora Afrika, nilishindwa kulia! Kisha nikainua macho nikaona kichwa cha mama kutoka chini, na mkwaruzo mdogo wa wembe juu ya sikio, uliokauka damu. Nililia mpaka nikakosa pumzi. "Ndiye!" wanawake wakapiga vigelegele vya mtoto wa kiume. Nikaingia nyumbani kwa mama, nikalala kando ya mbuzi.

Baada ya siku nne mjomba wangu alikwenda kwa Mzee Kithaka na yule mbuzi aliyebaki. Alikuta mbuzi wengine watatu wamefungwa uani. Walikuwa wa Njiru, rika langu, ambaye ndiye aliyeongoza kuvunja nyumba yangu, na wanasema alilia mpaka akaangukiwa na boriti. Simlaumu. Alijua nimekufa.

Mjomba akaomba tuendelee tulipoachia.

"Na nani?" Mzee Kithaka akauliza.

"Na kijana wetu."

"Kijana wenu amezaliwa Jumanne. Binti yangu hawezi kuolewa na mtoto wa siku nne. Mlee. Akiota meno, mumpeleke jando, kisha mje tuongee."

"Mzee, huu ni mzaha?"

"Mzaha? Mlimzaa mbele ya kijiji kizima, au hamkumzaa? Kama hamkumzaa, basi bado ni maiti, na binti yangu haolewi na maiti. Chagueni."

Mjomba alirudi na mbuzi. Wazee wakakaa kutafuta jibu la jambo lile. Walijaribu, wakawa wanacheka.

Lakini Wanja hakucheka. Alinikuta mtoni, ile saa moja tu kwa siku tuliyoruhusiwa kuteka maji.

"Wewe mtoto," alisema, "umeshaanza kutambaa?"

Nikacheka kidogo. Akatua mtungi.

"Baba anaweza kubishiwa. Ana maneno mengi, lakini mimi ni mwanawe, nimeyarithi. Nitambishia mpaka achoke. Ila kwanza niambie kitu kimoja. Ulijua tunakulilia?"

Hapo palikuwa na nafasi yangu, palepale, maji yakipita.

"Sikujua," nikasema.

"Siku zote hizo?"

"Walininyima pasi."

Nilimwona bega moja likishuka, halafu la pili. "Basi ni serikali," alisema. "Ningedhani ni wewe ningejua la kufanya. Sasa serikali nitaifanya nini?" Akanishika mkono, akanipa pole. Pole! Akajitwika mtungi akaenda, na kwa baba yake hakubisha hata neno.

Ningesema kweli angenitupia ule mtungi. Angenitukana msimu mzima wa mvua na kiangazi chake. Kisha, nilivyomjua, angeolewa nami ili nisiwe mbali na matusi. Hasira yake ndiyo ingenipa mke, nami nikamnyang'anya hasira.

Aliolewa na Njiru. Walizaa sita. Nami nilioa baadaye, mke mwema, simlalamikii. Tulikuwa majirani miaka yote, nyua mbili katikati. Bendera ya Mwingereza iliposhushwa, Wanja alikuja kunisalimu mahususi. "Waliokunyima pasi wameondoka," alisema. Nikaitikia kwa kichwa.

Bwana Tena hakuniandikia. Miaka mingi baadaye nilikutana na muuguzi Mjerumani wa misheni, nikamuuliza. Alimjua! Kumbe alikuwa ameingia kwenye lile sanduku kweli. Alitengeneza hadithi za polisi za kila wiki, na yeye mwenyewe akacheza mkubwa wa polisi, na kila wiki lazima apatikane aliyeuawa. Nikauliza juu ya ile picha ya kwetu. Aliiona akiwa msichana.

"Daktari analia sana," alisema. "Muda mrefu."

"Na maiti?"

"Maiti gani?"

"Mwana wa chifu. Uso wake."

Alifikiri kwa huruma. "Nakumbuka kulikuwa na blanketi," alisema.

Blanketi! Wangeweza kuweka gunia la mahindi.

Mwezi uliopita, mazikoni, niliketi mstari wa nyuma. Binti yake mdogo alikuja kuniuliza, "Baba, mbona unalia kuliko sisi?" Nikasema moshi wa jikoni. Wakauliza kama kuna jirani mwenye neno. Nikasimama nikiwa nimeazimia kusema yote. Nikasema, "Alikuwa jirani mwema," nikaketi.

Lakini jana, kabla ya kuipeleka barua hii, nilikwenda kwa Njiru. Isingekuwa haki asome gazetini. Nilimkuta anamenya maharagwe peke yake, kazi ambayo hajaizoea. Nikamwambia yote, pasi, uso, mtoni, sikuacha kitu. Nikangoja anifukuze.

Alicheka! Alicheka mpaka ungo ukamwagika, maharagwe yakaenda kila upande. Kisha kicheko kikageuka, akafuta macho kwa kofia.

"Rika," akasema, "miaka yote hii kila asubuhi nilimshukuru Mungu kwa mwanamke yule. Kumbe nilipaswa kumshukuru na Mjerumani."

"Nisamehe."

"Nikusamehe nini? Mimi ulinipa mke. Wa kukusamehe tumemzika." Akaniashiria chini. "Okota maharagwe."

Tukaokota.

Basi wewe unayesoma, nakuonya. Ukisikia mahali kuna mtu anakulilia, ondoka hapo ulipo. Usiseme kesho. Usiseme leo ni uso. Hao wanaokupigia makofi waache watafute maiti mwingine, wako wengi, na blanketi hawakosi. Nenda nyumbani. Na ukifika, ukiulizwa kama ulijua, sema ulijua, hata kama mtungi umeinuliwa.